Nusu Siku katika Samarkand

Mji wa Samarkand umo katika nchi ya Uzbekistan, katikati ya Asia, mbali na kila bahari. Jina lake si geni katika nyumba za Waislamu, kwa kuwa wanavyuoni wengi wamenasibishwa nao, na mtu aliyesoma fikihi au tafsiri japo kidogo atakuwa amelikuta jina la "Samarkandi" mahali fulani kitabuni. Lakini kulijua jina la mji si kuujua mji, nasi tulipojaliwa kupita huko tulikuwa na siku moja tu ya kukaa. Mwenye siku moja hana hila. Huenda kwa wale wanaotembeza wageni, akalipa, akatiwa garini pamoja na watu asiowajua, akaonyeshwa mji kwa nusu siku kama mtoto aonyeshwavyo picha za kitabu: hii ni hii, na ile ni ile, haya tufunue ukurasa. Twapenda kuwaeleza wasomaji wetu tuliyoyaona katika nusu siku hiyo, na pia yale ambayo hayakuwamo katika ratiba yake, maana hayo ya pili yalitushughulisha zaidi.

Kutoka Tashkent, ulio mji mkuu, tulikwenda kwa gari la moshi. Twaliita hivyo kwa mazoea tu, kwani halina moshi wowote. Huendeshwa kwa umeme, nalo hufika Samarkand kwa muda wa saa mbili na kitu. Ilipopata saa tatu ya asubuhi tulikuwa tumekwisha kusanyika barazani kwa hoteli: wazee wawili wa Kifaransa, kijana mmoja Mjerumani, jamaa mmoja wa Malaysia na mkewe na watoto wao watatu, nasi. Mwongozi wetu alikuwa binti wa mji huo huo, mwenye adabu na ulimi mwepesi, aliyesoma Kiingereza katika chuo kikuu. Alipotutolea salamu ya Kiislamu, sisi na Wamalaysia tukaitika kwa pamoja, naye akacheka kwa furaha. Tangu hapo ikawa kana kwamba garini mna ndugu na mna wageni.

Njiani tulimwuliza maneno ya lugha yao, na hapo tuliona ajabu. Kitabu wao huita "kitob", kalamu ni "qalam", daftari ni "daftar", wakati ni "vaqt", habari ni "xabar", na herufi hiyo ya kwanza wanaitamka kama kha. Hesabu ni "hisob", dunia ni "dunyo", duka ni "do'kon", na chai, mtu hana haja ya kufunzwa, ni "choy". Mtu akitaka kushukuru husema "rahmat". Watu hawa hawakupata kuiona bahari yetu wala wazee wetu hawakupata kuyaona majangwa yao, lakini neno la kusomea, la kuandikia, la kuhesabia na la kuuzia limekuwa moja. Kisomo kilipita huku, na biashara ikapita huku, na kwetu vilifika kwa jahazi.

Mahali pa kwanza tulipopelekwa ni kaburi la Amir Timur, mtawala aliyekufa mwaka 1405. Jengo hilo huitwa Gur-i Amir, yaani kaburi la Amir. Kuba lake ni la buluu, nalo limefanyizwa kwa mbavu za mviringo kama tikiti lililosimamishwa, na ndani kuta zimepambwa kwa dhahabu kutoka chini hata juu. Kwa kweli twalikiri: ni jengo zuri mno. Timur hakulijenga kwa ajili yake. Alilijenga kwa ajili ya mjukuu wake Muhammad Sultan, aliyekufa mwaka 1403. Mwenyewe alikuwa amejitengenezea pahali katika mji aliozaliwa karibu nao, Shahrisabz. Mauti yalimkuta Otrar akiwa njiani kwenda kuipiga Uchina wakati wa baridi kali, akarudishwa akazikwa hapa. Juu ya kaburi lake pana jiwe la kijani lenye weusi, refu, lililovunjika vipande viwili. Na jambo moja lilitupendeza: Timur amelazwa miguuni pa mwalimu wake, Sayyid Baraka. Aliyewatia hofu wafalme wote wa zama zake aliusia kulala chini ya miguu ya shekhe.

Hapo mwongozi alitusimulia kisa ambacho, bila shaka, kila mwongozi wa Samarkand hukisimulia. Katika mwezi wa Juni mwaka 1941 wataalamu wa Urusi ya Kikomunisti walilifukua kaburi hili, na miongoni mwao alikuwa Mikhail Gerasimov, hodari wa kutengeneza sura ya mtu kutokana na fuvu lake. Yasemekana wazee waliwaonya kwamba atakayemwondoa Timur mahali pake ataleta vita juu ya dunia. Wakafukua, na tarehe 22 ya mwezi huo huo Wajerumani wakaivamia Urusi. Wafaransa walivuta pumzi, na hata yule kijana Mjerumani akatazama chini.

Sasa, kufukuliwa kwa kaburi ni kweli, na mifupa ilithibitisha kwamba Timur alikuwa kilema wa mguu na mkono wa kuume, kama vitabu vilivyosema. Na tarehe ya vita ni kweli. Lakini amri ya kuivamia Urusi Hitler aliitia sahihi tarehe 18 Desemba 1940, miezi sita kabla ya jembe kugusa kaburi. Laana gani hiyo inayotangulia kosa? Tulimnong'oneza yule baba wa Kimalaysia maneno haya, naye akatabasamu akasema kwamba watoto wake watakumbuka laana na watasahau Desemba. Huenda ndivyo.

Mtoto wake wa kati, mvulana wa miaka kama kumi, akauliza swali ambalo sisi wakubwa tulikuwa tukilizunguka. Alimwuliza mwongozi: "Dada, huyu Timur alikuwa mtu mwema?" Binti alifikiri kidogo kisha akajibu: "Alikuwa mtu mkubwa." Mtoto hakutosheka, nasi pia hatukutosheka, lakini hatukumlaumu. Wakati wa Warusi watoto wa huko walifundishwa kwamba Timur alikuwa jabari tu na mwuaji. Nchi ilipojitawala mwaka 1991 akarudishwa kuwa baba wa taifa, na katika Tashkent sanamu yake imesimamishwa mahali ilipokuwa sanamu ya Karl Marx. "Babu yangu alisoma shuleni kwamba sisi hatukuwa na wazee wa kujivunia," alituambia baadaye. Neno hilo tunalifahamu vizuri watu wa Afrika.

Lakini swali la mtoto ni swali la haki, na lafaa lipate jawabu. Timur aliuteka Isfahan, na waandishi wa tarehe husema vilijengwa minara ya vichwa vya watu. Mwaka 1398 aliingia Delhi. Mwaka 1401 aliuingia Damascus, na mwaka huo huo Baghdad. Na angalia, ndugu msomaji, miji hii ilikuwa ya nani: yote ilikuwa na adhana. Ibn Khaldun, yule mwanachuoni mkubwa wa tarehe, alikuwa Damascus siku hizo. Aliteremshwa ukutani kwa kamba akaenda kuzungumza naye, akaokoka. Si wote waliookoka. Mafundi wa Damascus, wafua chuma, wafumaji, wafinyanzi wa kioo, walisukumwa kwa miguu hata Samarkand waje kuupamba mji huu. Miongoni mwa mateka hao alikuwamo mtoto wa kiasi cha miaka kumi na miwili, jina lake Ahmad ibn Arabshah, aliyeletwa pamoja na mama yake. Mtoto huyo alisoma hapa hapa Samarkand, akawa mwanachuoni, na alipokuwa mtu mzima akaandika kitabu kizima cha habari za Timur, wala hakumsitiri hata aibu moja. Kwa hiyo jawabu la swali la yule mvulana lilikwisha andikwa zamani, na aliyeliandika alitekwa akiwa na umri unaokaribiana na wake.

Tangu hapo tulitembea katika mji huo tukiwa na macho mawili, moja la kustaajabia na moja la kuuliza.

Kutoka kaburini twende Registan. Maana ya jina hilo ni mahali penye mchanga. Ni uwanja mpana, na pande zake tatu zimesimama madrasa tatu kubwa zinazotazamana. Picha za uwanja huu zimeenea duniani kote, hatutawachosha wasomaji kwa kuzieleza rangi. Ya kushoto ilijengwa na Ulugh Beg, mjukuu wa Timur, kati ya mwaka 1417 na 1420. Ya kulia, iitwayo Sher-Dor, ilikamilika mwaka 1636, na juu ya lango lake wamechorwa wanyama wawili wakali wakifukuza paa, na migongoni mwao jua lenye uso wa mwanadamu. Uso wa mtu juu ya mlango wa madrasa! Mama wa Kimalaysia aliwauliza watoto wake wanaonaje, na binti yake mkubwa akajibu kwamba pengine aliyejenga alikuwa na nguvu kuliko aliyefundisha. Sisi hatukuwa na la kuongeza.

Madrasa ya tatu, Tilla-Kori, ilikuwa pia msikiti wa Ijumaa. Ndani ya chumba chake cha kusalia mna dhahabu nyingi hata macho huumia. Lakini hamna mkeka wala mswala. Watu hulipa tikiti, huingia, hupiga picha, hutoka. Na zile hujra za wanafunzi, vyumba vidogo vilivyozunguka ua, ambamo kijana aliyetoka mbali alikuwa akilala, akipika na kudurusu, sasa ni maduka: mabakuli, kofia, vitambaa vya hariri, sumaku za kubandika. Wauzaji ni watu wema wanaotafuta riziki ya halali, wala hatuwatukani. Wala hawakuwa wao waliowatoa wanafunzi. Wanafunzi walitolewa na serikali ya Kikomunisti iliyofunga madrasa, na maduka yalikuta vyumba vitupu. Tuliingia katika kimoja, tukasimama mahali ambapo pengine palikuwa na mto wa kuegemea wa mwanafunzi, tukauziwa kikombe.

Msikiti wa Bibi Khanum uko kiasi cha mwendo mfupi kutoka hapo. Timur aliuanza mwaka 1399 aliporudi kutoka Bara Hindi, akitumia mali na tembo alizozipata huko, na alitaka usiwe na mfano. Balozi mmoja wa mfalme wa Hispania, jina lake Clavijo, alikuwako Samarkand mwaka 1404, naye aliandika kwamba Timur aliliona lango kuwa fupi akaamuru livunjwe na kujengwa upya, na kwamba alikuwa akiletwa kila siku akibebwa, mzee na mgonjwa, kuwahimiza mafundi, akiwatupia nyama na fedha shimoni. Kazi ya haraka haina nguvu. Msikiti ulianza kudondosha matofali karibu tangu ulipokwisha, watu wakaogopa kusali chini yake, na zilzala ya mwaka 1897 ikaliangusha tao la lango. Haya tuyaonayo leo yamejengwa tena kwa sehemu kubwa katika karne ya ishirini, tangu miaka ya 1970.

Kuna kisa cha mjenzi na mke wa mfalme ambacho husimuliwa hapo, nacho mwongozi alikisimulia kikamilifu. Sisi hatutakisimulia, kwa kuwa gazeti hili husomwa mbele ya watoto, na kwa kuwa hakina ushahidi wowote. Bibi huyo alikuwa mtu aliyekuwako, jina lake Saray Mulk Khanum, mke mkubwa wa Timur. Hana wa kumtetea isipokuwa wasomaji wa tarehe.

Katikati ya ua wa msikiti pana marufaa ya marumaru, kubwa kama kitanda, iliyowekwa wakati wa Ulugh Beg ili iwekwe msahafu mkubwa juu yake. Mvua na jua vimeipiga, lakini imesimama. Watoto waliizunguka mara tatu wakijaribu kukisia ukubwa wa msahafu wenyewe. Katika mambo yote ya asubuhi ile, hicho ndicho kitu ambacho hawakuhitaji kuelezwa ni cha nini.

Nyuma ya msikiti liko soko la Siab, nasi tulipewa dakika ishirini. Zilikuwa dakika njema. Zabibu kavu za rangi nne, lozi, njugu, asali, na juu ya yote mikate. Mkate wa Samarkand ni mviringo, mzito, unang'aa juu, na katikati umepigwa mhuri wa vitundu. Mkate huo hauwekwi kifudifudi, na ukianguka huokotwa na kupanguswa kwa heshima. Mama mmoja muuzaji, alipojua kwamba tunatoka Afrika ya Mashariki na kwamba ni Waislamu, alikata mkate mmoja akatugawia sote, na fedha akazikataa. Tulisema "rahmat", naye akatuombea dua ndefu kwa lugha yake, na viganja vyake vikapita usoni kwa kumalizia kama tufanyavyo sisi.

Kisha tulipanda Shah-i Zinda, na hapo yabidi tutulie kidogo.

Maana ya jina ni "Mfalme Aliye Hai". Ni njia nyembamba yenye vidato ipandayo kilima, na huku na huku imepangwa makuba ya makaburi, mengi yao ya wanawake wa nyumba ya Timur: dada yake, mpwa wake, na wengineo. Vigae vyake, kwa maoni yetu, ni vizuri kuliko vya Registan, kwa kuwa viko karibu na jicho. Lakini asili ya mahali hapo ni kaburi la juu kabisa, ambalo lahesabiwa kuwa la Sayyidna Qutham bin Abbas, Mwenyezi Mungu awe radhi naye na baba yake, binamu yake Mtume wetu, sala na amani zimshukie. Qutham alikuwa miongoni mwa watu walioingia katika kaburi la Mtume siku ya kuzikwa kwake. Alikuja pande hizi pamoja na jeshi la Saidi mwana wa Sayyidna Uthman katika mwaka 676 au karibu nao, na wanachuoni wa tarehe wamesema kwamba alifia Samarkand.

Mwongozi alituambia kwamba Qutham alikatwa kichwa akisali, akakitia kwapani, akateremka kisimani, naye yu hai humo hata leo. Na tena kwamba mwenye kuhesabu vidato vya ngazi wakati wa kupanda, kisha akahesabu wakati wa kushuka, hesabu zikilingana basi hana dhambi. Wafaransa walihesabu. Kijana Mjerumani alihesabu. Watoto wa Kimalaysia walitaka kuhesabu, baba yao akawaambia wahesabu kwa ajili ya kujifunza hesabu.

Hatukusema kitu wakati huo, ila tulijiuliza: huyu Sahaba ana haja gani na kisa cha kichwa kwapani? Mtu aliyekuwa mwisho kutoka katika kaburi la Mtume, kisha akatoka Bara Arabu akafa hapa, kwenye mji wa theluji, habari yake ya kweli ni ajabu kuliko ya uzushi. Lakini ile ya kweli haina kisima wala giza, basi husemwa kwa maneno mawili, na ya uzushi husemwa kwa maneno mia.

Wasomaji wetu wa pwani watapenda kujua kwamba Ibn Battuta, aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, alifika hapa pia miaka michache baadaye, kabla Timur hajazaliwa. Aliukuta mji hauna ukuta wala milango, na sehemu kubwa yake ni magofu, kwa kuwa jeshi la Chingiz Khan lilikuwa limeuharibu mwaka 1220. Hakuyaona makuba haya ya buluu, hayakuwako. Alichokiona kikiwa hai ni hili kaburi la Qutham, watu wakilizuru usiku wa Jumatatu na wa Ijumaa.

Tuliposhuka ilikuwa saa sita kasoro robo. Ratiba ilisema kwamba sasa tunakwenda kutazama mazulia yakifumwa, na "muda ukiruhusu" tupite kwenye mahali pa kutazamia nyota pa Ulugh Beg. Kila mtu aliyewahi kutembezwa ajua kwamba mazulia hayafumwi tu, huuzwa, na kwamba muda hauruhusu kamwe. Basi sisi na baba wa Kimalaysia tulikwenda kwa mwongozi tukamwomba kwa upole atupeleke kwenye nyota, na mazulia yangoje. Aliwauliza wengine. Wazee wa Kifaransa walisema wao nyumbani wana mazulia ya kutosha. Dereva akageuza gari.

Si mahali pa kupendeza macho. Ni kilima kidogo, na juu yake mlango. Ukichungulia ndani waona handaki limechongwa katika mwamba, na ndani yake njia mbili za mawe zilizopinda, zikipanda sambamba kama reli. Ni hayo tu. Hiyo ni sehemu ya chini ya tao kubwa la kupimia jua na nyota, ambalo nusu kipenyo chake kilikuwa kiasi cha mita 40, na sehemu ya juu, pamoja na jengo lote la ghorofa, imekwisha. Hata mahali penyewe palipotea. Mwaka 1908 ndipo Mrusi mmoja, Vyatkin, alipopagundua kwa kufuata hati ya zamani ya wakfu.

Ulugh Beg alikabidhiwa kuutawala mji huu mwaka 1409 akiwa kijana wa miaka 15. Babu yake alikusanya mafundi kwa upanga. Yeye aliwakusanya wanahesabu kwa mshahara na heshima. Alikuja Kadhi Zada kutoka nchi ya Rum, na Jamshid al-Kashi kutoka Kashan katika Uajemi, aliyekokotoa uwiano wa mzingo wa duara na kipenyo chake hata tarakimu 16 baada ya nukta. Al-Kashi alimwandikia baba yake barua zilizosalia hata leo, akimweleza jinsi mfalme mwenyewe alivyokuwa akiingia katika darasa na kubishana masuala pamoja na wanafunzi. Katika mwaka 1437 walikamilisha majedwali yao, yenye mahali pa nyota 1018. Urefu wa mwaka wa nyota waliupima wakakosea kwa muda usiofika dakika moja. Hawakuwa na darubini, kwani darubini ilikuwa haijatengenezwa. Walikuwa na jiwe, kivuli, macho, na subira ya miaka. Majedwali hayo yalipigwa chapa Oxford katika Uingereza mwaka 1665, pamoja na tafsiri ya Kilatini.

Na mwisho wake? Mwaka 1449, katika mwezi wa Ramadhani, Ulugh Beg, akiwa amekwisha kushindwa na kuondolewa katika ufalme na mwanawe mwenyewe, Abdul-Latif, alitoka kwenda Hija. Aliuawa karibu na Samarkand, kwa amri ya mwanawe huyo. Mwana naye hakumaliza mwaka; mwaka 1450 aliuawa. Walipolifukua kaburi mwaka 1941, mifupa ya Ulugh Beg ilionekana imekatwa shingoni. Mwongozi alikuwa ametuonyesha kaburi lake asubuhi, pale pembeni ya babu yake, kwa kidole, akipita.

Mwanafunzi wake, Ali Qushji, aliondoka na ilimu yake, akafika mwishoni Istanbul kwa Sultan Muhammad Fatih, akafundisha huko hata kufa. Hivyo jengo lilivunjwa, na elimu ikatoka kwa miguu.

Tulikaa dakika ishirini na tano. Mvulana wa Kimalaysia alilala kifudifudi ukingoni akitazama ndani ya handaki, na ilibidi mama yake amvute shati. Aliuliza maswali mengi ambayo binti mwongozi hakuwa na majibu yake, akakiri kwamba wageni hawamwulizi mambo ya hapa, na kwamba yeye mwenyewe hupenda kufika.

Adhuhuri tuliisali katika msikiti wa Hazrati Khidhri, uliojengwa juu ya kilima karibu na soko, wenye nguzo za mbao zilizonakshiwa, na dari ya rangi. Ni mdogo ukilinganisha na tuliyoonyeshwa, lakini una watu, una maji ya kutawadhia, na una mzee wa kuwaambia wageni viatu viwekwe wapi. Baada ya asubuhi nzima ya misikiti ya tikiti, tulifurahi kukaripiwa kuhusu viatu.

Nusu siku ilikuwa imekwisha. Hapo tulimwuliza mwongozi: Je, na Imamu Bukhari? Kwani katika nyumba nyingi za kwetu hadithi hunakiliwa kwa kumtaja yeye, na watu huapa kwa kitabu chake bila kujua amelala wapi. Amelala Khartang, kijiji kilicho kiasi cha kilomita 25 kutoka Samarkand. Alizaliwa Bukhara mwaka 194 wa Hijra, akazunguka nchi akitafuta hadithi, na yapokewa kwamba aliichagua Sahihi yake katika hadithi 600,000 kwa muda wa miaka 16. Alipokuwa mzee alirudi Bukhara, na Amiri wa huko akataka aje kwake na vitabu vyake awasomeshe watoto wake mbali na watu wengine. Imamu alikataa, mwenye haja ya elimu na aje msikitini kama wengine. Akatolewa katika mji wake mwenyewe. Alikufa Khartang, kwa jamaa zake, usiku wa Idi ya Mfungo Mosi mwaka 256, yaani 870.

Binti akasema kwamba Khartang haimo katika ziara ya nusu siku. Huko huenda mahujaji, si watalii. Tukakodi gari pamoja na Wamalaysia. Waindonesia husimulia kwamba rais wao Sukarno alipozuru Urusi katika miaka ya 1950 aliwataka Warusi wamtafutie kaburi hili ndipo akubali mwaliko wao; sisi hatukuona hati ya habari hiyo, lakini ni kweli kwamba watu wa kutoka visiwa vile huja hapa makundi kwa makundi, na baba wa Kimalaysia alikuwa ametamani kuja tangu alipokuwa mwanafunzi. Tulipokuwa tukiingia garini, mwongozi wetu, ambaye kazi yake ilikuwa imekwisha na ujira wake amekwisha kupokea, alimwuliza mama wa Kimalaysia kama nafasi moja imebaki, kwa kuwa hakufika huko tangu alipopelekwa na bibi yake.

Njia hupita katika mashamba ya pamba na miti ya matunda. Majengo makubwa mapya yamejengwa hapo miaka hii kwa ajili ya wageni, na kuba limesimamishwa juu ya kaburi. Tulilikuta kundi la watu wa vijijini, wanawake kwa vitambaa vya maua na wazee kwa kofia nyeusi zenye nakshi nyeupe, wamekaa kwenye mabenchi. Mtu mmoja alisoma Kur'ani kwa sauti nzuri, wote wakainua mikono, wakaitikia, wakaondoka, wakaja wengine. Yule mvulana alimwuliza dada yake mwongozi kuna kisa gani cha hapa. Akamjibu kwamba hapa hakuna kisa. Kuna kitabu, na akamwuliza kama anakijua. Mtoto akasema kwamba kiko nyumbani kwao, juu ya kabati, na kwamba hajaruhusiwa kukiteremsha peke yake kwa kuwa ni kizito.

Tulikaa hapo hata Alasiri.